Upanga Usioua: Maswali na Majibu ya Marudio kuhusu Kazi ya Bob Anderson

Notisi hizi ni za wanaorudia mada ya mapigano ya jukwaani na ya filamu. Nimezipanga kwa maswali kwa kuwa ndivyo mtihani unavyokuja. Nimemchagua mtu mmoja, Bob Anderson wa Uingereza, kwa sababu ukimwelewa yeye unaweza kujibu karibu swali lolote la mada hii. Wengi wenu mmekwisha kumwona akipigana, ila hamkujua kama ni yeye. Majibu mengine ni marefu, mengine ni mistari miwili, fuata alama.

Jambo moja la lugha kabla hatujaanza. Silaha yetu hapa ni upanga, wingi wake panga. Panga la kufyekea, ambalo wingi wake ni mapanga, liache shambani. Kila mwaka kuna anayeandika kwamba wapiganaji wa Zorro walikuwa na mapanga, na msahihishaji anabaki kucheka peke yake.

Swali la 1. Mwigizaji wa stanti ni nani, na anatofautianaje na mwalimu wa panga? (Alama 4)

Mwigizaji wa stanti hufanya mbele ya kamera kitendo cha hatari au cha ustadi ambacho mwigizaji mwenye jina hakiwezi, au kampuni ya bima imemkataza: kuanguka ghorofani, kuungua, kubinuka na farasi, kupigana. Mara nyingi huvalishwa nguo za mhusika na sura yake ikafichwa. Mwalimu wa panga hukaa nyuma ya kamera. Yeye hutunga mapigano, huwafundisha waigizaji na kulinda usalama wao. Anderson alikuwa yote mawili, wakati mwingine ndani ya filamu moja.

Kwenye kibanda umiza tulizoea kusema steringi hafi. Wa stanti ndiye anayefanya kazi ya kuhakikisha hafi. Hoja hiyo inaruhusiwa kwenye mtihani, ila iandike kwa lugha ya mtihani.

Swali la 2. Taja jina kamili la Anderson, tarehe na mahali alipozaliwa, na jeshi alilotumikia. (Alama 3)

Robert James Gilbert Anderson. Alizaliwa tarehe 15 Septemba 1922 huko Gosport, mji wa bandari kusini mwa Uingereza. Alitumikia Royal Marines, askari wa majini wa nchi hiyo, na katika Vita Kuu ya Pili alipigana kwenye Bahari ya Mediterania. Huko jeshini ndiko alikojipatia jina la kwanza kama mchezaji wa vitara, yaani mchezo wa mashindano ya panga.

Swali la 3. Tofautisha foili, epei na seba. Anderson alicheza ipi, na kwa nini jambo hilo lina uzito katika kazi yake ya baadaye? (Alama 6)

Foili hutumia ncha tu, na pigo huhesabika likigusa kiwiliwili. Epei nayo ni ya ncha tu, lakini mwili mzima ni shabaha, tangu utosini hadi kidole cha mguu. Seba hutumia ncha na makali pia: unachoma na unakata, na shabaha ni kila kitu kuanzia kiunoni kwenda juu, kichwa na mikono ikiwemo.

Anderson alikuwa mtu wa seba. Aliichezea Uingereza kwenye Olimpiki ya Helsinki mwaka 1952.

Uzito wa jambo hilo ni huu. Seba imetokana na upanga wa askari wa farasi, na mikato yake ni mipana. Mkato mpana unaonekana. Mchomo wa foili ni kitu cha vidole na kifundo cha mkono. Aliyekaa kiti cha nyuma haoni kitu. Kati ya silaha tatu za mchezo ule, seba ndiyo inayokaribiana zaidi na kile ambacho kamera inataka. Ukiandika tofauti tu bila sababu hii unapata alama 4, na mbili zinabaki mezani.

Swali la 4. "Bingwa wa vitara tayari ni mwigizaji mzuri wa mapigano ya filamu." Kubali au kataa, ukitoa sababu. (Alama 12)

Kataa. Hili ndilo swali kubwa la mada nzima, kwa hiyo tulia hapa.

Kazi ya mchezaji wa vitara ni kudanganya. Anaonyesha kwamba anakwenda begani, kumbe anakwenda ubavuni. Anaificha nia yake machoni, mabegani, miguuni. Akifaulu, mwenzake hajui kilichomgusa. Na kadiri anavyopanda daraja, ndivyo mwendo wake unavyopungua: bingwa hukinga kwa sentimita chache tu, kwa sababu kila sentimita ya ziada ni muda anaompa adui.

Mwigizaji wa mapigano anatakiwa kugeuza yote hayo. Nia yake lazima ionekane kabla ya pigo, na ionekane na watu wawili: mwenzake, ili ajikinge, na mtazamaji, ili aogope. Mkono unaanzia mbali. Bega linatangaza. Jicho linatazama mahali pigo linapokwenda. Katika mashindano unasimama na mpinzani; katika filamu unasimama na mwenzi. Mpinzani unamnyima habari. Mwenzi unampa habari zote, kwa wakati, kila mara, hata mkiwa mmerudia mara 30 na jua linazama na mwongozaji anapiga kelele.

Ndiyo maana bingwa mbichi ni hatari kwenye seti. Mwili wake umezoea nafasi. Akiona mwenzake amechelewa nusu sekunde, mkono unakwenda wenyewe, kwa sababu miaka kumi mfululizo amepewa alama kwa kufanya hivyo. Anderson alibaki mwalimu wa vitara wa taifa la Uingereza kwa miaka mingi huku akifanya kazi za filamu, na mwishoni mwa miaka ya 1970 akahamia Kanada kuongoza ufundi wa chama cha mchezo huo. Kwa hiyo alikuwa akiishi na adabu mbili zinazopingana, asubuhi akifundisha kuficha, jioni akifundisha kuonyesha. Kwa maoni yangu, ubingwa wake ulikuwa hapo hasa, katika kujua leo anatumia ipi.

Waliowahi kutazama kirumbizi cha Lamu watalishika jambo hili haraka. Fimbo zinagongana kwa nguvu, ngoma inapigwa, watu wanashangilia, na mchezo unaendelea kwa sababu kila mmoja anamsoma mwenzake.

Swali la 5. Pigo la ncha limechukua sehemu ya kumi ya sekunde. Kamera ya filamu hupiga picha 24 kwa sekunde. Pigo hilo limeingia katika picha ngapi? Jibu lako linakufundisha nini? (Alama 4)

24 × 0.1 = 2.4. Yaani picha mbili, labda tatu.

Funzo: jicho la mtazamaji halitaona pigo, litaona matokeo yake tu. Mchezo wa vitara wenyewe ulikiri udhaifu huu wa macho. Waamuzi walishindwa kuona nani kamgusa nani, ikabidi umeme uletwe: epei ya umeme iliingia Olimpiki mwaka 1936, foili 1956, seba 1992. Ikiwa mwamuzi aliyesomea kazi hiyo na amesimama hatua chache tu anahitaji taa iwake ndipo ajue, mtazamaji wetu ana lipi?

Swali la 6. Kabla ya Anderson, nani aliweka msingi wa mapigano ya panga huko Hollywood? (Alama 3)

Mtaje Fred Cavens, Mbelgiji aliyepanga mapigano ya *Captain Blood* (1935), *The Adventures of Robin Hood* (1938) na *The Mark of Zorro* (1940). Ongeza Ralph Faulkner, mwanaolimpiki wa Marekani aliyefanya kazi hiyohiyo zama hizo. Ukipenda, ongeza kichekesho cha enzi ile: mwigizaji aliyejua upanga kuliko wenzake, Basil Rathbone, ndiye aliyekuwa akiuawa mara kwa mara, kwa sababu alipewa nafasi za adui. Hakina alama lakini ni kweli.

Swali la 7. Anderson alijulikanaje Hollywood, na kwa tukio gani? (Alama 3)

Kwa ajali. Katika utengenezaji wa *The Master of Ballantrae*, filamu iliyotoka mwaka 1953, upanga wake ulimjeruhi Errol Flynn pajani. Flynn wakati huo alikuwa steringi wa masteringi. Tangu siku hiyo Anderson akaitwa mtu aliyemchoma Errol Flynn. Mtu mwingine angefukuzwa na hadithi ingeishia hapo. Yeye kazi zikaendelea kuja, ikiwemo ya kufundisha panga katika *Barry Lyndon* (1975) ya Stanley Kubrick.

Swali la 8. Eleza hatua kwa hatua pigo la kichwa katika mapigano ya filamu. (Alama 10)

Usianze na upanga. Anza na umbali. Wawili wanasimama mahali ambapo aliyenyoosha mkono wote bado hafiki kwenye mwili wa mwenzake. Pengo hilo huonekana ukitazama kwa ubavu, lakini kamera ikiwekwa nyuma ya bega la mmoja wao, pengo linamezwa.

Pili, macho. Anayepiga anamtazama mwenzake usoni. Anasubiri jibu, dalili ndogo tu kwamba mwenzake yuko hapa, hajaduwaa, hana mchanga jichoni. Macho yakikutana, kazi inaendelea. Yasipokutana, upanga haupandi.

Tatu, tangazo. Mkono unapanda juu na nyuma, kwa upana. Anayepigwa ameona, anaanza kuinua upanga wake kukinga. Hapa watahiniwa wengi hukosea. Wanaandika kwamba anayepiga anashusha, kisha mwenzake anakinga. Sivyo. Kinga inaanza kwanza, pigo linaifuata. Anayepigwa ndiye mwenye usukani wa kitendo chote, ingawa mtazamaji anaapa kwamba ni kinyume.

Nne, pigo lenyewe. Halilengi kichwa. Linalenga pale upanga wa mwenzake unapongoja, na nguvu inasimamishwa kwenye kifundo kabla vyuma havijagusana. Kwa pigo la kukwepa, ubapa unapelekwa nje ya bega, mahali ambapo hata mwenzako akisahau kukwepa utakata hewa. Uso hauguswi wala haupitiwi karibu. Mchezaji wa vitara ana barakoa ya waya; mwigizaji hana, kwa sababu uso wake ndio uliolipiwa.

Tano, maumivu. Anayepiga hatoi maumivu, anayepigwa ndiye anayeyatengeneza, kwa pumzi, goti na kelele. Upanga unaweza kuwa wa bati na watu wakalia.

Mtakumbuka zoezi letu la darasani na mipini ya fagio. Kijana mmoja alijua mpangilio wote, hatua nane, bila kukosea. Siku ya kuonyesha akaanza kuutazama mpini badala ya kumtazama mwenzake. Pigo la tano lilimkuta kwenye vifundo vya vidole, na kwa wiki mbili aliandika kwa mkono wa kushoto. Mpangilio aliujua, mwenzi wake alimsahau. Kosa ni langu pia: nilikuwa nimewaruhusu waongeze kasi siku ileile waliyobadilisha wenzi. Kasi huongezwa mwisho, baada ya mwezi wa kupigana polepole kama watu walio ndani ya maji.

Swali la 9. Darth Vader alikuwa nani? (Alama 8)

Swali la mtego. Atakayejibu kwa jina moja anapata 2.

Katika mfululizo wa *Star Wars*, mhusika huyu mwenye kofia nyeusi alijengwa na watu kadhaa. Mwili ulikuwa wa David Prowse, mnyanyua vyuma wa Bristol, mrefu wa karibu mita 2. Sauti ilikuwa ya James Earl Jones wa Marekani. Uso unaoonekana kofia inapovuliwa, katika filamu ya tatu, ni wa Sebastian Shaw. Na mkono ulioshika upanga wa mwanga katika *The Empire Strikes Back* (1980) na *Return of the Jedi* (1983) ulikuwa wa Bob Anderson.

Fikiria kazi yenyewe. Filamu ya 1980 ilipigwa Elstree, nje kidogo ya London, mwaka 1979, naye alikuwa amefikisha miaka 57 au anaikaribia. Ya 1983 ilimkuta akigonga 60. Alikuwa mfupi kuliko Prowse. Amefungiwa ndani ya vazi zito na kofia inayompunguzia macho, yale macho tuliyosema katika Swali la 8 kwamba bila hayo upanga haupandi. Anapigana na Mark Hamill, kijana ambaye angeweza kuwa mwanawe (na katika hadithi ndiye). Upanga wenyewe ni fimbo tu. Mwanga ulichorwa baadaye, picha kwa picha.

Alichokifanya kinaonekana ukijua pa kutazama. Mwanzoni mwa pambano la filamu ya 1980 Vader anatumia mkono mmoja. Hana haraka. Anamchezea kijana kama mzee anayemfundisha mjukuu kucheza bao. Ugomvi unapokolea, mikono miwili inashika mpini, na hapo unajua mchezo umekwisha. Hakuna neno lililosemwa, na uso umefunikwa. Hadithi imesimuliwa na viwiko.

Jina lake halikutangazwa. Umma uliachwa uamini kwamba aliyemo ndani ya kofia ni mtu mmoja. Mwaka 1983 Hamill mwenyewe aliamua kulisema katika mahojiano, akieleza kwamba hakuona haki mtu aliyetoka jasho kiasi kile aendelee kufichwa. Alama 2 za mwisho ni za anayeeleza utata huu: kazi ya stanti ni kutoonekana, hivyo anayeifanya vizuri zaidi ndiye anayesahaulika zaidi. Mtihani ukikuuliza kama ni haki, una ruhusa ya kusema si haki. Mimi nasema hivyo.

Swali la 10. Kwa kutumia *The Princess Bride* (1987), onyesha jinsi pambano linavyoweza kuwa mazungumzo. (Alama 12)

Filamu hii iliongozwa na Rob Reiner. Mapigano yake yalipangwa na Anderson akishirikiana na Peter Diamond, yule aliyepanga mapigano ya *Star Wars* ya kwanza ya 1977. Wanaopigana ni Westley, aliyeigizwa na Cary Elwes, na Inigo Montoya, aliyeigizwa na Mandy Patinkin, juu ya jabali lenye magofu.

Hadithi ya pambano ni hii: wote wawili wanaanza kwa mkono wa kushoto, na wote wawili si wa kushoto. Kila mmoja anajizuia kwa heshima, au kwa majivuno, asimmalize mwenzake mapema. Inigo anapozidiwa anabadilisha mkono na kupanda juu. Anapoanza kushinda, Westley naye anabadilisha. Katikati wanapeana sifa, wanataja mbinu za walimu wa kale kama wanafunzi wa chuo kimoja waliokutana njiani. Hawachukiani, na ukizima sauti bado unaona kwamba hawachukiani: hakuna anayelenga uso, hakuna anayempiga mwenzake akiwa ameteleza.

Ili hilo liwezekane, Elwes na Patinkin walifundishwa kwa mkono wa kulia na wa kushoto pia. Mazoezi yalianza wiki kadhaa kabla ya kamera na yakaendelea kwenye seti: kila walipopata nafasi kati ya kazi moja na nyingine, Anderson na Diamond walikuwa wakiwangoja na panga. Pambano liliachwa hadi karibu na mwisho wa ratiba ili mikono iwe imekomaa. Walipomwonyesha Reiner, aliliona fupi, wakaambiwa warefushe. Mwishowe karibu kila kitu unachokiona wamekifanya wenyewe. Wa stanti waliingia kwenye kubinuka tu.

Hapa pana fundisho kuhusu umahiri wa Anderson. Katika *Star Wars* ustadi wake ulikuwa kuingia ndani ya vazi la mtu mwingine. Hapa ustadi ulikuwa kutoingia kabisa, bali kuhamisha mkono wake hadi kwenye mikono ya wawili wasiojua kitu. Kwa maoni yangu kazi hii ya pili ni ngumu zaidi.

Usisahau kisa kingine cha filamu hiyohiyo, kinachofaa kwa maswali ya usalama. Elwes amesimulia kwamba katika tukio ambapo adui, Christopher Guest, anampiga kichwani kwa mpini wa upanga, kuigiza hakukuonekana vizuri. Elwes akamwambia mwenzake amguse kidogo kweli. Akaguswa. Alizinduka akiwa hospitali anashonwa. Na kipande kilichobaki ndani ya filamu, kwa maelezo yake, ni kile alichozimia. Watahiniwa hukitumia kisa hiki kusema kwamba kweli inaonekana bora. Angalieni tena: baada ya pigo la kweli mwigizaji hakuweza kurudia. Pigo la uongo lingerudiwa hadi jioni.

Swali la 11. Upanga wa filamu umetengenezwa na nini, na una uzito gani? (Alama 4)

Huwa zaidi ya mmoja. Wa chuma uliopambwa ni wa kupigwa picha karibu. Wa alumini, mwepesi na usio na makali, ni wa kupigania. Wa mpira au plastiki ni wa kuvaa kiunoni, wa kupanda nao farasi na wa kuangukia. Juu ya uzito, futeni dhana kwamba panga za kale zilikuwa mzigo: upanga halisi wa mkono mmoja wa Ulaya ya Zama za Kati ulikuwa na kilo 1 na kidogo. Hata hivyo inua kilo 1 mara 400 tangu asubuhi, ndipo utamwelewa mwigizaji Tyrone Power.

Swali la 12. Tyrone Power alipatwa na nini? (Alama 2)

Tarehe 15 Novemba 1958 alikuwa Madrid akipiga pambano la panga na George Sanders katika *Solomon and Sheba*. Moyo ulimshinda, akafa siku hiyohiyo. Alikuwa na miaka 44. Nafasi yake ilichukuliwa na Yul Brynner. Upanga haukumgusa popote, na ndiyo sababu swali hili hurudi kila mara: usalama si ncha na makali tu, ni mapumziko, umri, maji ya kunywa na idadi ya marudio.

Swali la 13. Jadili mbinu za ufundishaji za Anderson ukirejelea wanafunzi wake wawili. (Alama 8)

Wachague Antonio Banderas na Viggo Mortensen, kwa kuwa walifika kwake katika hali mbili tofauti.

Banderas alifundishwa kwa *The Mask of Zorro* (1998). Alikuja na mwili wa mchezaji ngoma, na Anderson alimsifu kama kipaji cha asili ambacho hakuwahi kufanya kazi na mfano wake. Kwa mwanafunzi wa aina hii, mwalimu hupunguza: anamzuia asipambe kila pigo.

Mortensen aliingia *The Lord of the Rings* kwa kuchelewa, baada ya upigaji picha kule New Zealand kuanza Oktoba 1999, akimrithi mwigizaji aliyeondolewa. Alikuwa na siku chache tu kabla ya kuingia kwenye pambano lake la kwanza. Mwalimu alichokifanya si kumjaza mbinu. Mhusika wake, Aragorn, ni mtu wa porini, hivyo upanga ukafundishwa kama chombo cha kazi: mikato michache, mizito, ya mikono miwili. Mortensen akaubeba upanga kila mahali na kupendelea ule wa chuma. Katika pambano moja jino lilimkatika, akauliza kama hakuna gundi wamalizie. Anderson alimhesabu miongoni mwa wapiga panga bora aliowafundisha, na baadaye wakakutana tena katika *Alatriste* (2006) ya Hispania.

Kwenye seti ya *The Mask of Zorro* walimbatiza Anderson jina la Bob Mnuni, maana hakuridhika haraka. Akisema rudia, unarudia. Hoja ya alama: ununi wake ulikuwa chombo cha usalama. Mwalimu anayesema "sawa tu" ndiye anayewapeleka watu kushonwa.

Filamu nyingine za kutaja kwa ufupi, usizieleze: *Highlander* (1986), *Die Another Day* (2002), *Pirates of the Caribbean* ya kwanza (2003).

Swali la 14. Kijana anaingiaje katika kazi hii leo, na anatambuliwaje? (Alama 6)

Uingereza ina daftari rasmi la wa stanti tangu mwaka 1973. Mwombaji lazima athibitishe uwezo katika fani zisizopungua 6 kutoka makundi mbalimbali: kupigana, kuanguka, kuendesha farasi au magari, sarakasi na nguvu, na majini. Upanga pekee haukuandikishi. Huyu bingwa wetu wa seba, leo, angeambiwa akajifunze kwanza kuogelea na kuanguka.

Kuhusu kutambuliwa: Chama cha waigizaji wa filamu cha Marekani kilianza kutoa tuzo kwa vikundi vya stanti mwaka 2008. Oscar ilikaa kimya muda mrefu, ikitoa za heshima tu kwa wachache, kama Yakima Canutt na Hal Needham. Aprili 2025 ilitangazwa kwamba kutakuwa na tuzo ya ubunifu wa stanti kwa filamu zitakazotoka mwaka 2027, itakayotolewa mwaka 2028, katika hafla ya 100. Zingatia neno ubunifu: inamlenga anayetunga kitendo. Aliyemo ndani ya kofia bado anasubiri. Atakayeliona hilo nitamwongezea alama moja.

Swali la 15. Anderson alifariki lini? (Alama 1)

Tarehe 1 Januari 2012, Uingereza, akiwa na miaka 89. Karatasi nyingi huongeza kwamba ameacha pengo lisilozibika. Sentensi hiyo haina alama.